Bei ya Viungo

Mogitu ni njia panda. Barabara ya Babati–Singida inapita, nyingine inachepuka kwenda Haydom, na ng'ombe wako kila upande. Mtoto wa huku hukua akijua kwamba ng'ombe ana bei mbili. Mnadani hununuliwa mzima, akitazamwa meno na nundu. Buchani huuzwa kwa kilo, na hakuna anayeuliza alikuwa na rangi gani.

Filamu za kutisha nyingi hufanyia kazi buchani. The Texas Chain Saw Massacre ya 1974 haifichi: wauaji ni familia iliyokuwa ikichinja machinjioni, na binti mmoja anatundikwa kwenye ndoano angali hai. Damu yenyewe ni kidogo kuliko sifa iliyovuma. Ila familia hiyo ina kituo cha mafuta kinachouza nyama ya kuchoma, na wapita njia wananunua. Mchinjaji tunamwona mpaka tunamchoka; mlaji anapita na gari lake.

Kwetu Tanzania, watu wenye ualbino walipokuwa wakiuawa kwa imani za uchawi, bei ilitajwa kabla ya sinema. Mwaka 2009 ripoti ya Msalaba Mwekundu iliandika dola 75,000 kwa viungo vyote vya mtu mmoja mwenye ualbino. Mitaani watu hao walikwisha kuitwa "dili". Kiswahili nacho hakikusaidia: viungo ni mkono na mguu, viungo ni iliki na mdalasini. Aliyekamatwa na panga mara nyingi alikuwa maskini, pengine jirani au ndugu. Mwenye dola 75,000 si mtu wa kuvizia migombani usiku.

Ndiyo maana naipenda White Shadow ya Noaz Deshe, iliyopigwa Tanzania na kupata tuzo ya filamu ya kwanza huko Venice mwaka 2013. Alias, kijana mwenye ualbino anayeigizwa na Hamisi Bazili, anashuhudia baba yake akiuawa, kisha mama anampeleka mjini kwa mjomba wake Kosmos. Huko anakuwa machinga: simu, DVD, miwani ya jua. Miwani hiyo macho yake yanaihitaji kuliko ya mteja yeyote, lakini biashara ni biashara.

Matukio ya usiku yanatisha kama ilivyotarajiwa. Mimi yalinishinda ya mchana, katikati ya magari, bidhaa ikichuuza bidhaa. Kila mteja anapouliza bei, sina hakika anaulizia nini.