Safari ya Kisiwa cha Rubondo

Watoto wa Wamaza wamjua sokomutu. Hata asiyemwona kwa macho amesikia habari zake kwa babu yake au kwa wawindaji: nyama asiye na mkia, mwenye masikio kama ya mtu na mikono mirefu, ambaye hulala juu ya mti katika kitanda cha matawi. Lakini wachache wajua kwamba mbali upande wa mashariki, ndani ya ziwa kubwa, kiko kisiwa ambacho wageni hukitolea fedha nyingi, wakakaa huko siku mbili tatu, ili wamtazame sokomutu huyo huyo kwa muda mfupi tu. Tena sokomutu wa kisiwa kile si wenyeji. Wazee wao waliletwa kwa meli, ndani ya masanduku.

Kisiwa hicho chaitwa Rubondo. Kiko katika Ziwa Viktoria, upande wa kusini-magharibi, katika nchi ya Tanzania. Ziwa lenyewe lapita maziwa yote ya Afrika kwa ukubwa. Eneo lake ni karibu kilometa za mraba 69,000. Mtu wa Kabambare akitaka kufika huko, hushika kwanza njia ya Kalemie, kando ya Ziwa Tanganyika. Kutoka Kalemie huvuka maji mpaka Kigoma. Kutoka Kigoma iko njia ya gari la moshi mpaka Tabora, na kutoka Tabora mpaka Mwanza, mji mkubwa ulio kando ya Ziwa Viktoria. Wageni wenye mali huruka kutoka Mwanza kwa eropleni ndogo, wakashuka katika kiwanja kilichofyekwa kisiwani. Wengine huzunguka kwa motokaa mpaka kijiji cha Kasenda, halafu hupanda mashua yenye mashini. Kutoka hapo mwendo wa majini si mrefu.

Kisiwa kina urefu wa kilometa 28 hivi, kutoka kaskazini hata kusini. Upana wake si mkubwa: mahali pengine ni kilometa 3, mahali pengine hufika 10. Sehemu kubwa ni msitu. Kandokando yake yako mafunjo na matete marefu, miamba, na vipande vya mchanga ambapo mamba huota jua.

Hakuna mtu atembeaye peke yake kule. Mgeni akiisha kushuka hupewa kiongozi, naye ni askari wa hifadhi mwenye bunduki. Bunduki si ya kuwinda. Ni kwa ajili ya kiboko na tembo, ambao hawapendi kukutwa ghafula njiani. Simba na chui hawako Rubondo, wala hawakuletwa. Kiongozi huwaambia wageni wasivae nguo za buluu wala nyeusi, maana rangi hizo huwavuta mbung'o, wale inzi wachomao. Mara nyingi mgeni hucheka maneno hayo siku ya kwanza, na siku ya pili hacheki tena.

Siku hiyo ya kwanza kwa kawaida huwa ya maji. Mashua huenda polepole karibu na pwani, mashini ikinyamazishwa mara kwa mara. Hapo huonekana viboko wakitoa masikio na macho tu. Fisi maji wawili watatu wakicheza na samaki. Kenge juu ya jiwe. Minandi waliokaa juu ya mti mkavu wakitandaza mabawa ili yakauke. Furukombe ni wengi mno. Huyu ndiye tai mwenye kichwa cheupe alaye samaki, ambaye sauti yake husikika pia juu ya Lualaba. Kule Rubondo mmoja hajamaliza kulia kabla mwingine hajamjibu kutoka mti wa pili.

Samaki nao hulindwa. Katika maji ya hifadhi wavuvi hawaruhusiwi kutega nyavu, na kwa hiyo sato na sangara huzaa kwa amani humo, kisha vijana wao hutoka na kwenda katika maji ya wavuvi. Sangara si wa asili wa ziwa hili. Alitiwa humo katika miaka ya 1950, naye aweza kupita kilo 100. Aliwala samaki wadogo wengi, hata aina nyingine zimetoweka kabisa. Basi si kila mgeni aletwaye mahali huwa baraka, na jambo hilo lafaa kukumbukwa katika habari za Rubondo, kwa sababu kisiwa hiki kimejaa wageni.

Zamani Rubondo kilikuwa na watu. Walikuwa wavuvi na wakulima. Katika miaka ya 1960 serikali iliwahamisha, na mwaka 1965 kisiwa kikafanywa pori la akiba. Mwaka 1977 kikawa hifadhi ya taifa. Wageni huambiwa mambo haya kwa maneno machache tu, nayo yalistahili maneno mengi zaidi, kwa kuwa nyama walipata makao pale pale ambapo watu walipoteza yao.

Mtu aliyetia bidii kuliko wengine katika kazi ya kuleta nyama alikuwa Bernhard Grzimek, Mdachi, mkubwa wa bustani ya wanyama ya mji wa Frankfurt. Aliwaza hivi: katika bara nyama wa mwitu wapungua kila mwaka, kwa bunduki, kwa mitego na kwa mashamba, lakini kisiwani maji yenyewe ni ukuta. Nyama hawezi kupotea, na mwizi hawezi kuingia bila chombo. Basi wakaletwa twiga. Wakaletwa mbega weusi wenye manyoya meupe mabegani. Baadaye, katika miaka ya 1970, wakaletwa tembo. Hao wote wako mpaka leo. Wakaletwa na vifaru weusi 16. Vifaru hawako tena. Majangili walifika kwa mashua usiku, wakawaua kwa ajili ya pembe zao mpaka wakaisha. Ukuta wa maji ulikuwa mzuri, ila mwizi naye ajua kupiga kasia.

Na sokomutu je?

Siku ya pili ndiyo yao. Kabla ya jua kutoka, wafuata nyayo huingia msituni. Hao ni vijana waliozoea kazi hiyo, nao huanzia mahali ambapo sokomutu walilala. Maana kila jioni sokomutu hujitengenezea kitanda kipya: hukunja matawi, huyakanyaga yashikamane, halafu hutandika majani mabichi juu yake. Asubuhi hukiacha wala hakirudii, au hukirudia kwa nadra. Kijana akiona kitanda chenye majani mabichi bado, na mavi mapya chini ya mti, ajua kwamba hawajafika mbali. Hutafuta pia maganda ya matunda yaliyotemwa. Tunda wanalolipenda sana kule ni bungo, tunda la manjano la mtambaa upandao juu ya miti mikubwa. Wazee wa Maniema wajua jamaa za mtambaa huo. Ndiyo mitambaa iliyokuwa ikikatwa zamani ili kutoa utomvu wa mpira.

Kisha kiongozi hupata habari, naye huanza kuwaongoza wageni. Njia haipo. Hukata miiba kwa panga, huinama, hutambaa chini ya magogo. Huenda saa tatu, hata nne. Mara nyingine sokomutu husikika tu wakipiga kelele upande wa pili wa kilima na kugonga mashina ya miti kama ngoma, na wageni wakifika wamekwisha kwenda. Siku kama hiyo watu hurudi na miguu iliyochubuka na matope mpaka magotini. Hakuna wa kumlaumu.

Wakibahatika, kiongozi husimama na kuinua mkono. Kila mtu hufunika mdomo na pua kwa kitambaa. Desturi hii si ya kuogopa harufu: mafua ya mtu, ambayo kwake ni jambo la siku tatu, yaweza kuua kundi zima la sokomutu. Mwenye kukohoa huachwa kambini tangu asubuhi, hata kama amelipa. Hakuna kula karibu nao, hakuna kutupa ganda la ndizi, wala kusogea. Huko juu, katika matawi, mama ameshika mtoto kifuani akitafuna majani.

Mama huyo alizaliwa kisiwani, lakini wazee wake walikuwa na safari ya ajabu. Kati ya mwaka 1966 na mwaka 1969 sokomutu 17 waliletwa Rubondo. Wote walikuwa wametoka Ulaya, katika bustani za wanyama na katika sarakasi. Walikuwa wamekamatwa wakiwa watoto katika misitu ya Afrika ya magharibi, wakauzwa. Wengine walikuwa wamekaa kifungoni miezi michache tu, wengine miaka mingi, hata 9. Kundi la kwanza lilipakiwa Antwerp, katika nchi ya Ubelgiji, bandari ile ile zilikotoka zamani meli za kwenda Kongo. Wakashushwa Dar es Salaam, wakapelekwa mpaka ziwani, wakavushwa. Halafu masanduku yalifunguliwa.

Hakuna aliyewafundisha kitu. Sokomutu wa msituni hujifunza kwa mama yake miaka mingi: tunda lipi huliwa, jani lipi ni chungu, tawi lipi hushika uzito. Hawa walikuwa hawana mama. Walijua chuma, majani makavu ya kulalia, na chakula kilicholetwa kwa saa yake na mtu mwenye ndoo. Watu wengi walidhani watakufa. Na kweli baadhi yao walikuwa wagumu: waliwazoea watu mno, wala hawakuwaogopa, hata wakawa hatari kwa wale waliokaa kisiwani. Lakini baada ya mwaka mmoja walikuwa wakitafuta chakula chao wenyewe na kujenga vitanda juu ya miti. Miaka ikapita, wakaanza kuzaa, na watoto wao wakakua bila kumjua mwanadamu. Mwishowe kundi lote likaingia ndani ya msitu na kumkimbia kila mtu. Leo wamepita 50. Kwa kuwa hawajui kuogelea, hawatatoka kamwe. Na ili wageni wa siku hizi waweze kuwatazama, ilibidi vijana wale wafuata nyayo wawazoeze tena polepole, mwaka baada ya mwaka, kuvumilia kuonwa na watu.

Kabambare nako kuna habari ya sokomutu iliyoandikwa. Msafiri David Livingstone alifika huko mwaka 1869, akauguza miguu yake miezi mingi. Katika daftari yake aliandika jina la nyama huyu kama alivyolisikia kwa watu wa Maniema: soko. Mwaka 1871 aliletewa soko mmoja mdogo, wa kike, ambaye mama yake alikuwa ameuawa. Livingstone asema kwamba mtoto huyo alikuwa akinyosha mkono ili abebwe kama mtoto wa mtu, na akikataliwa alikunja uso akalia kwa uchungu, akisokotanisha mikono. Alijitengenezea kitanda cha majani na kujifunika mkeka. Hao 17 wa Rubondo nao walianza hivyo. Kwa kawaida mtoto wa sokomutu hapatikani mikononi mwa watu ila mama yake amepigwa kwanza, na mara nyingi na wengine wa kundi waliokuja kumtetea.

Siku ya tatu wageni wamechoka, na kiongozi huwapeleka mahali pa karibu, katika matete. Huko hukaa nzohe. Ni jamaa ya pongo, lakini kwato zake ni ndefu na hupanuka, hata aweza kutembea juu ya matope bila kuzama. Akiogopa huingia majini akabakiza pua tu. Mahali pengine hathubutu kutoka katika kinamasi. Rubondo, kwa kuwa hakuna chui, huingia hata msituni na kula majani mahali pakavu.

Njiani kurudi, kiongozi huwaonyesha kitu cha mwisho, kama kipo siku hiyo. Mwaka 2000 kasuku 37 wa kijivu, waliokuwa wamekamatwa mikononi mwa wafanyabiashara wa magendo, waliletwa kisiwani na kuachiliwa. Mtoto wa Maniema hahitaji kuelezwa kasuku huyu ni nani, kwa maana misitu ya kwao ni mojawapo ya mahali walikonaswa kwa wingi kwa ulimbo na kupelekwa mbali katika vikapu. Mwaka 2016 mataifa mengi yalipatana kuzuia kabisa biashara ya kasuku wa mwituni kutoka nchi moja hata nchi nyingine.

Alasiri mashua huondoka. Wageni hutazama nyuma, na baada ya kitambo kisiwa kinakuwa mstari mweusi tu juu ya maji. Saa hiyo, ndani ya msitu, sokomutu wameanza kukunja matawi.