Rwenzori kwa Mwenye Siku Tatu

Likizo ya wiki moja, ikihesabiwa kutoka Arua, huacha siku tatu tu za mlimani. Siku ya kwanza huliwa na barabara: Pakwach na daraja la Nile, Karuma, kisha kukata kulia Kigumba kuelekea Masindi, Hoima, Kyenjojo mpaka Fort Portal. Anayeanzia Koboko hana budi kuondoka usiku. Siku nyingine huliwa na barabara hiyo hiyo wakati wa kurudi. Moja ni ya kulipia kibali, kukodi vifaa na kulala chini ya mlima, na moja ya kupumzisha magoti kabla ya kurudi kazini. Zilizobaki ndizo za Rwenzori, mlima wenye barafu ulio karibu kuliko yote na wakazi wa Oli, mtaa wa mjini Arua.

Si kwamba West Nile haina milima. Wati, ulioko Terego, huonekana kutoka mbali kwenye tambarare ya Arua, na Liru uko upande wa Koboko. Katika masimulizi ya Walugbara, mashujaa wawili waliowazaa watu wa nchi hiyo, Jaki na Dribidu, walimalizia maisha yao katika milima hiyo: Jaki Liru, Dribidu Wati. Mtu huweza kupanda Wati asubuhi na kurudi kula chakula cha jioni nyumbani. Ni mazoezi mazuri ya mapaja na pumzi, na anayetaka kwenda Rwenzori angefanya vyema kuupanda mara mbili tatu kwanza. Ila milima hii haifiki kwenye kimo ambapo hewa yenyewe inaanza kumsumbua mpandaji, na hapo ndipo Rwenzori inapotofautiana nayo.

Wengi wanaposikia Rwenzori hufikiria kilele. Margherita, chenye mita 5,109, ni cha tatu kwa urefu barani Afrika baada ya Kilimanjaro na Kenya, nacho hufikiwa kwa Mzunguko wa Kati unaoanzia Nyakalengija. Mzunguko huo kwa kawaida ni safari ya wiki nzima, na anayetaka kuubana ndani ya siku tatu anajitafutia maradhi. Tatizo haliko miguuni. Oksijeni ni asilimia 21 ya hewa popote mtu aendapo, lakini kadiri anavyopanda, mgandamizo wa hewa hupungua, na kila pumzi huleta kidogo zaidi. Kwenye mita 3,000 pumzi moja ina oksijeni kama asilimia 70 ya ile anayoivuta mtu wa Mombasa. Kwenye mita 5,000 ni zaidi kidogo tu ya nusu. Mwili huzoea kwa kupumua haraka na kubadili kemia ya damu, kazi inayotaka siku kadhaa na isiyokubali kuharakishwa kwa ushujaa. Mkazi wa Arua huishi kwenye mita kama 1,200, na kimo hicho hakimpi kinga yoyote.

Ugonjwa wa kimo huanza kuwapata watu kuanzia mita 2,500 hivi, saa chache baada ya kufika: kichwa kinauma, chakula hakipiti, kichefuchefu kinakuja, usingizi unakatika katika. Ukiwa mkali, maji hujaa mapafuni au ubongo huvimba, na mgonjwa huanza kupepesuka kama mlevi. Hapo dawa ya kweli ni kushuka, hata kama ni usiku na mvua inanyesha. Vidonge vya asetazolamidi huusaidia mwili kuzoea, lakini vinatolewa kwa ushauri wa daktari na havimfai kila mtu. Ujana na misuli havisaidii; winga wa timu ya mtaa anaweza kulala chini akitapika huku shangazi yake akimpita taratibu na fimbo yake. Kwa mtu wa West Nile kuna mtego mwingine: kichwa na kutapika kwake ni malaria, basi hutafuta dawa ya malaria na kuendelea kupanda. Waongozaji wazuri hawakubali hilo. Maumivu ya kichwa yakianzia juu ya mlima huchukuliwa kuwa ya kimo mpaka ithibitike vinginevyo. Kanuni inayofuatwa na wapanda milima duniani kote ni kwamba, ukishavuka mita 3,000, mahali pa kulala pasipande zaidi ya mita 500 kwa usiku mmoja.

Safari fupi iliyo nzuri, kwa hiyo, hufupishwa kwa kimo. Njia inayolingana na hesabu hiyo ni mzunguko wa Mahoma, wa kilomita 28, siku tatu na usiku mbili. Nao huanzia Nyakalengija, kwenye lango la hifadhi, na mwanzoni hufuata bonde la mto Mubuku kabla ya kuachana na njia ya wanaokwenda Margherita. Usiku wa kwanza hulalwa kambi ya Omu'ka Kizza na wa pili kando ya ziwa Mahoma, zote zikiwa kwenye mita 3,000 hivi. Mgeni hulala pale pale ambapo kanuni ya mita 500 inaanza kufanya kazi, kisha hushuka.

Asubuhi ya kwanza ni ya mashamba ya kahawa na migomba ya Wakonzo, kisha msitu mnene. Mbega weupe kwa weusi huruka matawini, na kinyonga wa pembe tatu huonekana na yule tu ambaye mwongozaji amemnyooshea kidole. Karibu na mita 2,500 msitu hukoma ghafla na mianzi huanza, iliyosongamana kiasi kwamba njia inakuwa kama ujia wa nyumba. Juu ya mianzi huja miti ya erika. Mimea jamaa na hiyo huko Ulaya ni vichaka vya kufika magotini, lakini hapa ni miti kamili, imefunikwa ndevu za kijivu zinazoning'inia na zulia la kijani linalozamisha mguu. Wapigapicha wa vipeperushi vya utalii hupenda theluji, lakini kwa kuangalia tu, ukanda huu ndio unaoipa Rwenzori sura isiyofanana na mlima mwingine, na mwenye siku tatu huufikia. Anachokosa ni bustani za juu zaidi za senesio na lobelia zinazozidi urefu wa mtu, na barafu.

Hata barafu si kwamba anaikosa kabisa. Ziwa Mahoma, lenye maji meusi yaliyotulia, liko ndani ya kifusi kilichosukumwa na barafu iliyokuwa ikiteremka mpaka hapa zama za kale. Siku hizi barafu imebaki kwenye vilele tu. Mwaka 1906 ilifunika kilomita za mraba kama 6.5, sasa haifiki hata moja. Neno la Wakonzo la theluji, nzururu, ndilo lililozaa jina Rwenzururu, na katika imani yao Kitasamba, mwenye mlima, hukaa humo kwenye weupe. Makao yake yanapungua mwaka hadi mwaka.

Anayekubali kuitoa siku yake ya mapumziko, akapata nne, ana njia ya pili kutoka Kilembe juu ya Kasese. Mgodi wa shaba uliofungwa tangu mwanzoni mwa miaka ya 1980 bado una majengo yake pale, na mto Nyamwamba uliofurika Mei 2013 ukaharibu hospitali bado umejaa mawe makubwa. Njia hupita kambi ya Sine, kwenye mita kama 2,600, kisha Kalalama, yapata mita 3,100, na kufika kwenye mwamba wa kutazamia wa Mutinda, mita 3,975. Hapo mtu anagusa karibu mita 4,000 mchana na kurudi kulala chini zaidi, jambo ambalo mwili hulipenda. Mvua ikikubali, vilele huonekana. Kwa maoni ya makala hii ndiyo safari bora zaidi ya siku nne nchini Uganda. Muhavura, huko Kisoro, hupandwa na kushukwa ndani ya siku moja ingawa una mita 4,127, kwa kuwa hakuna anayelala juu; lakini kutoka Arua barabara peke yake inachosha kuliko mlima. Elgon una kilele cha Wagagai, mita 4,321, na huhitaji siku nne.

Mtu wa kwanza kuandika habari za kupanda Rwenzori naye alikuwa na haraka. Juni 1889 Luteni William Stairs, Mkanada katika msafara wa Henry Morton Stanley, alipewa ruhusa ya kujaribu mlima kutoka upande wa Semliki. Alikwenda na wapagazi wa Kizanzibari, watu wa pwani ambao baridi ya namna ile hawakuwahi kuijua. Emin Pasha, gavana ambaye msafara huo ulikuja kumwokoa, aliondoka naye lakini aligeuza mapema. Siku ya pili Stairs alifika futi 10,677, ambazo ni mita 3,250 hivi, kimo kisichopishana sana na cha Mahoma. Aliona mabonde makubwa bado yakimtenga na theluji, chakula hakitoshi, akashuka. Aligeuka mahali ambapo mwenye akili bado hugeuka.

Msafara huo una uhusiano na historia ya Oli. Stanley alikuja kumwokoa Emin, aliyekuwa na makao yake Wadelai, kwenye Nile, chini kidogo ya Ziwa Albert, na Wanubi wa Arua ni uzao wa askari wake walioachwa nyuma wazungu walipoondoka kwenda pwani. Mei 1888, akiwa katika safari ile ile, ndipo Stanley alipoitazama theluji ya Rwenzori. Duki wa Abruzzi, Mwitaliano aliyefika Margherita tarehe 18 Juni 1906, aliipa milima mingine majina ya Emin, Gessi, Baker na Speke. Romolo Gessi aliondoka Dufile mwaka 1876 kulizunguka Ziwa Albert. Mtoto wa West Nile akisoma ramani ya Rwenzori anakuta majina ya watu waliopita kwao.

Kupanda bila mwongozaji hakuruhusiwi. Hifadhi iko chini ya Mamlaka ya Wanyamapori ya Uganda, na raia wa Afrika Mashariki hulipa kiingilio kidogo kuliko mgeni wa nje, mradi awe na kitambulisho mfukoni. Waongozaji na wapagazi wengi ni Wakonzo wa vijiji vya chini. Mzigo wa mpagazi hupimwa kabla ya kuondoka, na mpishi hubeba vyungu vyake. Mgeni abebe maji, koti la mvua na kitu cha kutafuna. Mwendo sahihi ni ule unaomruhusu mtu kuongea bila kuhema, anayehema ameshakosea.

Kifaa ambacho wageni hukidharau ni gambuti. Rwenzori ni mlima wa matope, na buti za ngozi za bei kubwa hulowa kabla ya mchana. Gambuti hukodiwa pale chini, lakini soksi nene mgeni aje nazo kutoka nyumbani, jozi tatu, moja isiyoguswa mpaka wakati wa kulala. Nguo zote zifungwe kwenye kavera ndani ya begi. Usiku kwenye mita 3,000 baridi ni kali kuliko yoyote iliyowahi kuipata Arua, na sweta moja la sokoni halitoshi. Apande na kofia ya sufu, glavu na mfuko wa kulalia ulio mzito. Miezi yenye mvua kidogo ni Desemba hadi Februari, na Juni hadi Agosti. Kidogo, kwa maana ya mlima huo.

Siku ya tatu ni ya kushuka, na ndiyo inayoumiza. Karibu mita 1,400 za kuteremka juu ya mizizi yenye utelezi huyachosha magoti kuliko siku mbili za kupanda, na ajali nyingi ndogo, za kifundo cha mguu na kiganja, hutokea saa hizo za mwisho, watu wanapowaza soda baridi. Waongozaji hukata fimbo za kushikilia na kutembea mbele ya aliyechoka zaidi. Kwenye lango la Nyakalengija majina hukaguliwa katika daftari, bakshishi hutolewa mbele ya kundi zima ili mpagazi ajue aliyoyapata mwongozaji, na gambuti hurudishwa zikiwa zimeoshwa mtoni.