Matuta ya Orkney: Barabara Iliyozaliwa na Vita

Kaskazini ya Uskochi, pale Bahari ya Atlantiki inapokutana na Bahari ya Kaskazini, kuna visiwa viitwavyo Orkney, na katikati yake imo ghuba pana ya Scapa Flow, ambayo manowari za Uingereza ziliifanya maskani yao katika vita vikuu vyote viwili. Upande wa mashariki wa ghuba hiyo vimepangana visiwa vidogo kuelekea kusini, Lamb Holm, Glimps Holm, Burray na South Ronaldsay, na baina yake, na pia baina ya Lamb Holm na kisiwa kikuu kilicho kaskazini yake, ilikuwako milango minne ya maji, ambayo Waingereza waliiziba kwa kuzamisha merikebu kuukuu, wakitaraji kwamba mkondo mkali ungemzuia adui atakayejaribu kupita.

Taraja hiyo haikuwafaa. Usiku wa kuamkia tarehe 14 Oktoba 1939, maji ya bamvua yakiwa yamejaa, nyambizi ya Kijerumani chini ya nahodha Günther Prien ilipenya katika mlango wa Kirk Sound, ikipita juujuu kandokando ya merikebu zile zilizozama, ikaipiga manowari Royal Oak iliyokuwa imetia nanga, nayo ikaenda chini na watu zaidi ya 800. Winston Churchill, aliyekuwa Waziri wa Jeshi la Majini wakati ule, aliamuru milango ile ifungwe kabisa.

Kazi ilianza mwaka 1940, na haikuwa kazi ya mzaha, maana mahali pengine kina kilifika mita 18, na maji hayakutulia ila kwa muda mfupi baina ya kujaa na kupwa. Makapu ya waya yaliyoshindiliwa mawe, jumla ya tani zipatazo 250,000, yalipitishwa angani kwa kamba za chuma zilizotandwa toka kisiwa hadi kisiwa, yakaangushwa majini mpaka yakachomoza. Kisha yakavikwa mapande ya zege yapatayo 66,000, ya tani 5 na ya tani 10, na yale makubwa yakarundikwa ubavuni shaghalabaghala kwa makusudi, kwa sababu wimbi likikuta ukuta ulionyooka huupiga kwa nguvu zake zote, bali likikuta pembe na mianya huvunjikavunjika na ukali wake ukapungua.

Wafanyakazi walipokuwa hawatoshi, waliletwa mateka wa Kiitalia zaidi ya 1,000, waliokamatwa katika Afrika ya Kaskazini. Hawa walilalamika kwamba Mkataba wa Geneva haumruhusu mateka kutumikishwa kazi za vita, nao wakajibiwa kwamba hizo si ngome, ni njia za kuwaunganisha wenyeji wa visiwa. Ilikuwa hila ya kisheria, na sioni haja ya kuipamba. Ila la ajabu ni kwamba hila hiyo ndiyo iliyogeuka kuwa kweli.

Katika kambi ya Lamb Holm mateka hao, wakiongozwa na mchoraji Domenico Chiocchetti, waliunganisha vibanda viwili vya mabati wakafanya kanisa, wakapaka rangi kuta za ndani hata zikaonekana kama matofali na mawe ya kuchongwa, na taa wakazitengeneza kwa mikebe ya nyama. Msomaji wa Kenya huenda akalikumbuka kanisa dogo la Mai Mahiu, kwenye mteremko wa Bonde la Ufa, ambalo mateka wa taifa hilohilo walilijenga mwaka 1942 walipokuwa wakichimba barabara.

Matuta hayo manne yalifunguliwa rasmi tarehe 12 Mei 1945, Ujerumani ikiwa imekwisha kusalimu amri siku chache kabla. Wakazi wa Burray na South Ronaldsay, ambao zamani hawakutoka kwao bila chombo, sasa huenda sokoni na hospitali kwa gari katika mji wa Kirkwall, ulio kwenye kisiwa kikuu. Bahari nayo haikukaa kimya: upande wa mashariki wa tuta la nne, ukihesabu toka kaskazini, umejaa mchanga hata pametokea ufuko na vilima vilivyoota majani, na tuta la pili hupigwa na mawimbi yarukayo juu ya barabara, ikalazimu njia kufungwa.

Basi atakayejaliwa kufika huko wakati wa baridi, na aulize kwanza habari za tuta la pili kabla ya kuwasha gari, hasa ikiwa ni siku za bamvua na upepo unavuma kutoka mashariki.