Wasitusafishie Santuri Hadi Maneno Yakapotea

Wapenzi wa Bob Dylan huko Marekani na Uingereza siku hizi huuziwa upya albamu zake za miaka ya 1960 kwa sauti ya dijitali ya hali ya juu. Sauti hiyo hupimwa mara 96,000 kwa kila sekunde, au hata mara 192,000, ilhali ile ya sidii hupimwa mara 44,100 tu. Homa hiyo imetufikia hata sisi wa Makadara.

Jumapili moja jirani yangu aliniita kwake. "Mwalimu, sikiliza sauti safi!" akasema, akaufungulia simuni wimbo wa gita wa enzi za wazazi wetu. Kwa bahati, santuri yake ninayo, urithi wa marehemu baba. Niliporudi nyumbani niliipiga. Ilitatarika kama maandazi katika mafuta, lakini kila neno lilisikika. Katika simu ya jirani, s na sh zilikuwa zimefifia mno hata sikuweza kuzitofautisha.

Sababu yake si uchawi. Mitatariko ya santuri na vikwamizo vya lugha, yaani s, sh na f, hukaa pamoja katika masafa ya juu ya sauti. Programu inayofuta mitatariko bila uangalifu hunyoa na vikwamizo. Kisha ukiihifadhi sauti hiyo kwa vipimo vikubwa namna gani, hakirudi kilichonyolewa. Sufuria kubwa haiongezi unga.

Kwangu mimi mwanaisimu, hasara hiyo si ndogo. Kijaluo hakina sh. Kwa hiyo, mwimbaji Mjaluo alipotamka "shamba" ama "samba", alituachia ushahidi wa jinsi Kiswahili cha Nairobi kilivyokuwa kikikua vinywani mwa watu. Ushahidi huo haumo katika kitabu chochote cha sarufi.

Jean-Bosco Mwenda alibahatika. Hugh Tracey alimrekodi akipiga "Masanga" mwaka 1952 huko Jadotville, ambayo leo ni Likasi, na rekodi za Tracey zikapata maktaba ya kuzitunza. Nyimbo nyingi za Nairobi hazina bahati hiyo; kilichosalia ni santuri ndogo za mizunguko 45, nyingine chini ya vitanda vya watu. Wageni wamekwisha kuzitambua thamani: Soundway ya London ilitoa mkusanyo wa Kenya Special mwaka 2013. Mimi lakini huupenda zaidi mfano wa Ketebul Music, ambao mwaka 2008 walitoa nyimbo za benga pamoja na kijitabu cha historia yake. Wimbo usio na jina la mwimbaji ni yatima, hata ukiwa safi kama maji ya chemchemi.

Basi anayenakili na asafishe apendavyo, mradi abakize nakala moja isiyoguswa, yenye jina la mwimbaji, lugha na mwaka.

Jirani sasa ananiomba nimpigie tena ile santuri. Nimesita. Sindano yangu ni butu, na kila mzunguko huila santuri kidogo. Nimemwahidi kuipiga mara moja tu, siku tutakapompata fundi wa kuinakili.