Leo Ipo, Kesho Imefungwa: Hesabu za Modi za Muda Kwenye Gemu za Mtandaoni

Siku ya Wajinga mwaka 2014, kampuni ya Riot Games ya Los Angeles iliwatania wachezaji wa League of Legends kwa kuwafungulia modi, yaani namna ya kucheza yenye kanuni zake, iliyoitwa Ultra Rapid Fire. Wachezaji waliifupisha kuwa URF. Katika gemu ya kawaida mashujaa wengi wana akiba ya nguvu wanayoitumia kwa hesabu, na shujaa akishatumia mbinu moja hana budi kusubiri kabla ya kuirudia. URF iliondoa gharama ya nguvu na kupunguza muda wa kusubiri kwa asilimia 80. Ikawa fujo tupu: watu kumi uwanjani, kila mmoja anafyatua mbinu zake mfululizo, hakuna anayekumbuka kurudi nyuma kupumzika. Utani huo ulipangiwa siku chache, ukaongezewa nyingine kwa kuwa watu waling'ang'ania, kisha ukafungwa. Malalamiko yaliyofuata yalidumu miaka. Kama modi inapendwa kiasi hiki, kwa nini isiachwe wazi mwaka mzima?

Riot walipokuja kueleza, jibu lao liliwashangaza wengi. Walikuwa wamegundua kwamba URF ikirudi wachezaji hufurika, lakini ikifungwa baadhi yao hawarudi kwenye gemu ya kawaida. Wanaacha kabisa. Wamekinai. Tena ndani ya URF yenyewe, kadiri siku zinavyokwenda, watu huishia kuchagua mashujaa walewale wachache wanaoua haraka, na anayependa shujaa mwingine anageuka windo. Ndiyo maana mwaka 2016 ikaletwa namna nyingine ya modi hiyo, ambayo mfumo wenyewe unakugawia shujaa kwa bahati nasibu. Mwaka huohuo Riot walianzisha mzunguko wa modi za wikendi: wiki hii inafunguliwa moja, baadaye inafunguliwa nyingine.

Utaratibu huo sasa umeenea. Mwenye Call of Duty: Mobile kwenye simu yake anaujua vizuri. Wiki hii ipo Gun Game, ambayo kila ukiua unabadilishiwa bunduki; wiki ijayo imeondoka na mahali pake pamekaliwa na Prop Hunt, ambayo timu moja inajigeuza vyombo na samani na kujificha huku nyingine ikiisaka. Watengenezaji wa Apex Legends wameziweka modi zao ndogo kwenye kapu moja waliloliita Mixtape na kuzizungusha humo. Watu hudhani ni ubahili: wanazo, wanatunyima. Ubahili upo, nitaufikia. Lakini sababu ya kwanza ni hesabu, na ni hesabu ya darasa la nne.

Chukua mfano wa kubuni. Tuseme katika kanda moja ya dunia, ndani ya dakika tano, watu 3,000 wamebonyeza kitufe cha kuanza mechi ya wachezaji 100. Hizo ni mechi 30. Wafungulie modi sita, na wakijigawa sawasawa kila modi inabaki na mechi tano. Ila kuna wanaocheza peke yao, kuna wawili wawili, kuna wanne wanne. Gawanya tena kwa tatu, kila foleni inabaki na watu 166 hivi, yaani mechi moja na mabaki. Halafu mfumo unatakiwa usimkutanishe mgeni na bingwa, na hapo hakuna tena cha kugawa. Mchezaji atasubiri kama abiria wa daladala lisiloondoka mpaka lijae, au ataingizwa kwenye mechi isiyo saizi yake, au viti vitajazwa na boti, wale wachezaji bandia wanaoendeshwa na kompyuta. Epic Games, wenye Fortnite, walianza kuingiza boti kwenye mechi zao mwaka 2019, na aliyecheza PUBG Mobile akiwa mgeni huenda ushindi wake wa kwanza aliupata dhidi ya vitu visivyo na roho.

Na watu hawajigawi sawasawa. Modi inayopendwa huvuta, isiyopendwa hukauka, na foleni ikishakauka hata mpenzi wake wa kweli anaikimbia kwa kuchoka kusubiri. Dominion ya League of Legends ilizinduliwa mwaka 2011 kwa shangwe. Mwaka 2016 ilifungwa ikiwa na wachezaji wachache mno. Laiti ingefunguliwa siku nne tu kwa mwezi, wapenzi wake wote wangekutana kwa wakati mmoja na mechi zingejaa. Kwa modi ndogo, kufungwa ndiko kunakoifanya ichezeke siku inapofunguliwa. Hapo sina ugomvi na watengenezaji.

Ugomvi wangu unaanza na swali la nani anashika ufunguo, maana zamani alikuwa mchezaji. Counter-Strike, iliyozaliwa mwaka 1999 kama nyongeza ya gemu ya Half-Life mikononi mwa wachezaji wawili, Minh Le na Jess Cliffe, ilichezwa kwenye seva ambazo mtu yeyote aliweza kuzikodi au kuziwasha kwenye kompyuta yake. Ulifungua orodha ya seva ukachagua pa kuingia. Aliyetaka kubadili kanuni alizibadili. Gun Game ilianzia huko, kwenye seva za wachezaji wa Counter-Strike, kabla ya Call of Duty: Black Ops kuichukua mwaka 2010. Prop Hunt nayo ni kazi ya mashabiki waliokuwa wakichezea Team Fortress 2 na Garry's Mod. Hata League of Legends yenyewe ni uzao wa DotA, ramani iliyotengenezwa na wachezaji ndani ya Warcraft III. Hakuna ofisi iliyowapangia wiki. Modi iliishi kwa kadiri alivyokuwepo mtu wa kulipia seva, hata kama wateja wake ni ishirini na wote wanajuana.

Mwaka 2004 Halo 2 ilitoka kwenye Xbox na utaratibu mwingine, ambao ndio uliokuja kutawala. Huchagui seva tena. Unachagua aina ya mechi kwenye orodha iliyoandaliwa na kampuni, mfumo unakutafutia wenzako wa kiwango chako na kukupeleka kwenye mechi. Ni raha tupu, wala sitamani kurudi kwenye kuhangaika na orodha za seva ambazo nusu yake hazina watu na nusu nyingine zina wenye matusi. Lakini orodha ile ikawa mali ya kampuni. Kampuni ikitoa jina la modi kwenye orodha, modi imekufa siku hiyohiyo, hata wawepo watu elfu kumi wanaoitaka.

Baada ya kushika ufunguo, kampuni ziligundua matumizi mengine. Modi ya muda ni mahali pazuri pa kujaribia wazo la hatari. Apex Legends, gemu iliyojengwa juu ya vikosi vya watu watatu, ilifungua modi ya kucheza peke yako Agosti 2019. Ilipendwa, lakini watengenezaji wake, Respawn, walieleza kwamba iliathiri vibaya wachezaji wapya, waliokuwa wakiacha gemu mapema, wakaiondoa. Kwa Fortnite jaribio liliishia kinyume. Machi 2022 Epic walifanya jambo ambalo kwa mashabiki wao lilikuwa karibu na kufuru: waliondoa ujenzi, ule uwezo wa kuinua kuta na ngazi katikati ya mapigano uliokuwa nembo ya gemu yenyewe. Wengi walioikimbia Fortnite kwa sababu vijana wa miaka kumi na mitatu waliwajengea maghorofa vichwani walirudi. Mwisho wa mwezi huohuo namna hiyo isiyo na ujenzi, iliyopewa jina la Zero Build, ikafanywa modi ya kudumu, ikasimama kando ya ile yenye ujenzi.

Kuna modi zilizokuwa tangazo la biashara waziwazi, na baadhi yake, sifichi, zilikuwa nzuri kuliko filamu zilizotangazwa. Mei 2018, wakati Avengers: Infinity War iko kwenye majumba ya sinema, Fortnite ilifungua kwa muda mfupi modi ambayo glovu ya Thanos, adui mkuu wa filamu hiyo, inaanguka kutoka angani na wachezaji wote wanaikimbilia. Anayeiwahi anageuka Thanos mwenyewe, na waliobaki wanamwinda. Anayemuua anaweza kuchukua glovu na kuwa Thanos mpya. Kanuni tatu tu, mchezo mzima. Halafu kuna biashara ya kumbukumbu: Novemba 2023 Epic walirudisha ramani ya mwanzo, na katika siku moja, kwa hesabu yao wenyewe, watu milioni 44.7 waliingia kucheza. Desemba 2024 ramani hiyo ikarudi kama modi isiyo ya muda.

Sasa ule ubahili. Saa inayohesabu kurudi nyuma ni chombo chenye nguvu, na kampuni zimeshajua hivyo. Modi ya siku saba huja na zawadi zake za siku saba: skini, nembo, bunduki iliyopakwa rangi ambayo haitatolewa tena, au hivyo ndivyo unavyoambiwa. Mtu anacheza mechi asizozifurahia ili asikose. Karibu kila mara duka liko mlango wa pili, nalo lina saa yake. Mei 2024 mamlaka ya Uholanzi inayolinda watumiaji iliitoza Epic faini ya euro 1,125,000, na moja ya makosa iliyoyataja ni saa za kuhesabu muda kwenye duka la Fortnite: nyingine zilionyesha kwamba bidhaa inakaribia kuondoka, kumbe saa ikifika mwisho bidhaa bado inauzwa. Epic hawakukubaliana na uamuzi huo. Foleni yenye watu wachache ni sababu halali ya kufunga modi. Skini haina foleni. Picha ya kofia kwenye seva haihitaji watu 100 ili iuzwe kesho.

Kwetu Afrika Mashariki mzunguko huu una machungu yake ya ziada. Ratiba za Call of Duty: Mobile huandikwa kwa saa za kimataifa za UTC, hivyo siku yao mpya inaanza saa tisa usiku Dar es Salaam na Nairobi, na asiyejua anaamka Ijumaa kutafuta modi iliyofungwa amelala. Fortnite haina kanda ya seva inayoitwa Afrika, kwa hiyo mchezaji wa Mombasa anachagua kati ya Mashariki ya Kati na Ulaya, na anaingia kwenye foleni ambayo ujazo wake unategemea saa za kulala za watu wengine. Modi kubwa anaipata wakati wowote. Modi ndogo ya muda, usiku wa manane wa Riyadh, anaweza kuisubiri mpaka asinzie. Ongeza bando. Gemu nyingi za simu zinataka ushushe faili za ramani na modi kivyake, na mwenye simu iliyojaa picha za harusi anafuta kitu ili apate nafasi ya modi itakayoondoka Jumatano. Wiki ijayo anafuta tena. Gharama hiyo haionekani kwenye takwimu za kampuni yoyote.

Suluhisho la modi zinazofungwa lipo na limeshajaribiwa. Overwatch iliwapa wachezaji orodha ya mechi zao binafsi mwaka 2017, baadaye na vifaa vya kutunga kanuni. Fortnite ilifungua uwanja wake wa Creative Desemba 2018, na sasa ukikosa modi rasmi unaweza kukuta mtu amejenga inayofanana nayo. Chumba cha faragha cha namna hiyo hakiipunguzii foleni kuu kitu chochote cha maana, kwa kuwa walioingia humo wameshapatana. Lakini URF ikifungwa kwenye League of Legends, hata marafiki kumi waliokubaliana saa na siku hawawezi kuifungua kwa ajili yao wenyewe. Katika hilo hesabu ya foleni haina utetezi.

Kwa hiyo ombi kwa Riot, kwa Activision, wenye Call of Duty, na kwa wengine wote wanaozungusha modi ni dogo: zungusheni foleni za hadharani mtakavyo, tangazeni kalenda mapema ili mtu ajue lini anunue bando, na modi mnayoiondoa kwenye orodha iachieni vyumba vya faragha. Wachezaji ndio waliozibuni nyingi za modi hizi, na mlizichukua bila kulipia seva zilikozaliwa.