Mto Unaofurika Jua Likiwaka

Jina lake huandikwa Þjórsá, na Mswahili ana bahati nalo. Herufi ya kwanza, ngeni machoni, ni th ya "thamani", na ile á ya mwisho husikika kama au. Ukisema "Thyorsau" utakuwa umewakaribia kabisa wenyeji wa Iceland. Maana yake ni mto wa fahali.

Kwa urefu, fahali huyu ni ndama mbele ya mito ya mabara. Anakwenda kilomita 230 tu, kutoka nyanda za juu zilizo katikati ya kisiwa hadi bahari ya kusini, na hata hivyo hakuna mto mrefu kuliko yeye Iceland nzima. Eneo linalomletea maji ni kama kilomita za mraba 7,500. Karibu na mwisho wa safari, kwenye maporomoko ya Urriðafoss, hupita wastani wa mita za ujazo 360 kila sekunde, yaani lita 360,000. Maporomoko yenyewe hayana kimo cha kutisha, mita sita hivi, lakini hakuna mengine kisiwani yanayobeba maji mengi kama hayo.

Maji hayo yanatoka wapi? Waiceland hugawa mito yao katika makundi matatu: mito ya mvua na theluji, mito ya chemchemi, na mito ya barafuto, yaani ile barafu nene iliyolala juu ya milima na kujikokota polepole kuteremka. Þjórsá ina damu ya makundi yote matatu. Lava changa ina matundu kama sifongo: mvua huzama, hupita chini kwa chini, kisha hutoka kwenye chemchemi kwa kipimo kilekile kiangazi na baridi. Lakini kinachoupa mto tabia yake ni barafuto. Hofsjökull, iliyotandaza barafu ya takriban kilomita za mraba 800 juu ya volkeno, ndiyo chanzo chake. Tawimto kubwa, Tungnaá, huteremka kutoka Vatnajökull.

Chota glasi moja ya maji hayo. Yana rangi ya maziwa yaliyomwagikiwa majivu. Yaache yatulie, na chini utaona tope laini lisilokwaruza vidoleni. Huo ni unga wa mwamba. Barafuto husaga mlima kama jiwe la kusagia lisagavyo nafaka, na mto hubeba unga huo hadi baharini.

Mto wa namna hii haungoji masika. Hufurika siku za jua. Julai na Agosti, barafu inapoyeyuka, maji huwa mengi. Majira ya baridi hunywea. Hata ndani ya siku moja yapo maji kujaa na maji kupwa ya aina yake: joto la mchana huyeyusha barafu, na jioni mto unapanda. Ndiyo maana wasafiri wa nyanda za juu hupendelea kuvuka vijito vya barafuto alfajiri, kabla jua halijaanza kazi.

Moto nao umeuchonga mto huu. Miaka 8,600 hivi iliyopita, nyufa katika mfumo wa volkeno ya Bárðarbunga zilitema lava iliyotiririka zaidi ya kilomita 130 hadi baharini. Inahesabiwa kuwa lava kubwa kuliko zote zilizotoka katika mlipuko mmoja duniani tangu enzi ya barafu iishe. Mto ulilazimika kutafuta njia nyingine, na leo Urriðafoss inaporomoka ukingoni mwa lava hiyo.

Kisha binadamu akaja na kalenda yake. Taa na viwanda vinataka umeme hata wakati wa baridi, mto unapokuwa umenywea. Kituo cha Búrfell kilianza kazi mwaka 1969, vingine vikafuata, na ziwa Þórisvatn likageuzwa ghala: maji ya kiangazi huwekwa humo, yakafunguliwa baridi ikiingia. Mafuriko ya jua sasa yanawasha taa za Desemba. Si kila mtu amefurahi. Ardhi oevu ya Þjórsárver, ambako mabata bukini wenye miguu ya waridi hutaga kwa maelfu, imelindwa kisheria tangu 1981, na mradi mpya wa umeme wa Hvammur, sehemu ya chini ya mto, umefikishwa mahakamani.

Kwa sasa maji yapo tele, na hapo ndipo penye mtego. Barafuto za Iceland zimekuwa zikisinyaa tangu katikati ya miaka ya 1990. Theluji inayoanguka hailipi barafu inayoyeyuka. Kila mwenye duka anaijua hali hiyo: mauzo yanapendeza, wateja hawakatiki, kumbe mtaji ndio unaoliwa. Þjórsá iliyojaa Agosti ni duka la namna hiyo, na ghala lake liko juu ya Hofsjökull, likipungua kila jua linapowaka.