Sahihi ya Mwana wa Embu Kwenye Noti

Siku hizi mtu akitaja gavana sokoni Runyenjes au mjini Meru, wasikiao huelekeza mawazo kwenye ofisi ya kaunti. Kabla ya mwaka 2013 Kenya ilikuwa na gavana mmoja tu, naye aliketi Nairobi katika Benki Kuu. Huyo ndiye ninayetaka kumzungumzia leo, kwani cheo chake kimesahaulika haraka mno katika sehemu hizi zetu za mlima, ilhali kiligusa kila mfuko wa kahawa.

Gavana wa kwanza, Leon Baranski, alikuwa mzaliwa wa Poland, na ndiye aliyeshika usukani benki ilipofungua milango yake mwaka 1966. Duncan Ndegwa, Mkenya wa kwanza kukalia kiti hicho, alimrithi mwaka 1967 akakaa hadi 1982. Mwezi wa Aprili 2001 zamu ikafika Embu. Rais Moi alimteua Nahashon Nyagah kuchukua mahali pa Micah Cheserem, na muda si muda sahihi yake ikawa juu ya noti tulizolipia chumvi na mafuta ya taa.

Wengi walishangilia. Jina lenyewe halikuwa geni. Babaye, Jeremiah Nyagah, aliingia katika Baraza la Kutunga Sheria mwaka 1958, akawa Waziri wa Kilimo katika miaka ya 1970, bei ya kahawa ilipopaa baada ya baridi kali kuharibu mikahawa ya Brazil mwaka 1975. Wakulima wa Meru na Embu, ambao walikuwa miongoni mwa Waafrika wa kwanza kuruhusiwa na serikali ya kikoloni kupanda zao hilo, waliijua familia hiyo. Hata hivyo, furaha ile ilikuwa na kasoro moja: ilimchukulia gavana kama mpakuzi wa chakula, kwamba mwana wetu akishika mwiko, sahani zetu zitajaa.

Kiti cha gavana hakina mwiko. Kazi yake aghalabu ni ya kukataa: kuikatalia serikali inayotaka kukopa kupita kiasi, na kumkatalia mwenye benki anayechezea amana za watu. Nyagah alikipokea wakati mgumu. Mwaka 1998 mabenki kadhaa yalikuwa yamefungwa, Trust Bank ikiwemo. Bunge nalo, kwa hoja ya Joe Donde, mbunge wa Gem, lilikuwa limepitisha sheria ya kuweka kikomo cha riba, na mabenki yakakimbilia mahakamani kuipinga. Mkopaji wa kijijini alimwombea Donde. Wenye mabenki walilia kwamba mikopo itakauka. (Kikomo kama hicho kilirudishwa mwaka 2016, kikaondolewa tena mwaka 2019, kwa hiyo ubishi ule haukuzaliwa wala kufa na Nyagah.)

Kisha ukaja mwaka 2003. Serikali ya Rais Kibaki ilikuwa changa bado Euro Bank ilipoanguka mwezi wa Februari, ikiwa na mamilioni ya mashirika ya umma. Mwezi wa Machi Nyagah alijiuzulu, hata miaka miwili hajaitimiza, ingawa sheria ilimpa muhula wa minne. Ndugu zake wawili, Joseph na Norman, walikuwa bungeni wakati huo, na Norman ndiye aliyekuwa kiranja wa upande wa serikali. Walioamini kwamba jamaa serikalini ni ngao na walifikirie hilo.

Je, alistahili kubeba lawama? Usimamizi wa mabenki ni wajibu wa Benki Kuu, na gavana hawezi kuukana. Lakini gavana hachagui mahali ambapo shirika la umma linaweka fedha zake. Huo ni uamuzi wa wakuu wa mashirika hayo. Kwa maoni yangu, kuondoka kwa mtu mmoja kuliifanya nchi ijione imesafishika kabla ya kuoga. Mrithi wake, Andrew Mullei, naye aliwekwa kando mwaka 2006, Jacinta Mwatela akakaimu. Ndipo Katiba ya 2010, katika kifungu cha 231, ikatamka kwamba Benki Kuu haitaelekezwa na mtu wala mamlaka yoyote. Ni maneno mazuri, japo hayakuzuia Imperial Bank kuanguka mwaka 2015 na Chase Bank mwaka uliofuata.

Hapa ndipo penye uchungu wa mkulima. Euro Bank ilipofungwa, mweka amana alikingwa kwa shilingi 100,000 tu. Kiwango hicho kilipandishwa hadi 500,000 mwaka 2020. Lakini wakulima wengi wa Meru na Embu hawaweki fedha benki kwa majina yao wenyewe. Huziweka katika chama, nacho chama ndicho chenye akaunti benki. Benki ikianguka, chama chenye wanachama elfu moja huhesabiwa kama mteja mmoja. Sheria ya vyama vya akiba na mikopo ya mwaka 2008 ilitaja hazina ya kudhamini amana za wanachama wa vyama vyenyewe. Wabunge wetu wa Meru, Embu na Tharaka-Nithi, ambao hawakosi harambee hata moja, na watueleze hazina hiyo ina shilingi ngapi, na mwanachama wa chama cha kahawa ataipataje.